Uwiano: kutafuta ya kimoja, mara ngapi, jedwali, kros au maboksi? Ipi ushike kwa swali lipi

Watu wengi wakisikia neno uwiano wanakumbuka ile 2:3 ya ubaoni na sura inakunjamana palepale, lakini ukweli wa mambo hii ndo hesabu tunayoipiga kila siku ukiachilia mbali kuhesabu chenji. Anayepika maandazi ya oda, fundi anayechanganya zege, mvuvi anayetia oili kwenye petroli ya mashine ya boti, mama anayemkorogea mtoto maji ya chumvi na sukari, wote wanafanya kitu kilekile, wana kipimo kimoja wanachokijua na wanataka kukikuza au kukipunguza bila kuharibu ladha, uimara au dawa. Tabu inaanza pale unapokaa na mtoto na daftari lake, kwasababu njia ziko nyingi na kila mtu anashika aliyofundishwa yeye, baba anajua kros (kuzidisha kimshazari), dada mkubwa anajua kutafuta ya kimoja, mwalimu wa sasa hivi anachoresha maboksi, basi watu wanabishana nusu saa kumbe jibu ni moja.

Mi nafundisha tuisheni za jioni, watoto wa msingi na sekondari, na watu wazima kadhaa wenye biashara zao ndogondogo, kwahiyo hizi njia zote ziko mezani kwangu kila wiki. Nitoe msimamo mapema ili nisije nikaonekana nakuzungusha: kama ni njia moja tu ya kumpa mtu nampa jedwali, na kros naiweka ya mwisho. Najua hapo kuna watu wameshanuna, hasa waliosoma sekondari zamani, ila twende taratibu.

Tuchukue swali moja tulipige kwa njia zote uone mwenyewe. Mapishi ya maandazi yanasema unga wa ngano kilo 2, sukari gramu 500. Kuna shughuli, imekuja oda ya kilo 7. Sukari kiasi gani?

Kutafuta ya kimoja

Kilo 2 ni gramu 500, basi kilo 1 ni 250, basi kilo 7 ni 250 mara 7, yaani gramu 1,750, kilo moja na robo tatu. Imeisha hiyo. Hii ndo njia ya sokoni, hata mtu asiyekanyaga darasani anaijua, ukimwambia nyanya nne elfu moja yeye swali lake la kwanza ni "moja shingapi?", akishapata mia mbili hamsini kichwani mwake unaweza kumuuzia tisa au kumi na moja na hutomwibia.

Na kwenye kulinganisha bei hakuna njia inayoigusa hii. Tuseme dukani mafuta ya kula ya kupima robo lita ni 1,800, chupa ya lita moja 6,500, dumu la lita tano 30,000, dumu kubwa la lita ishirini 112,000. Ukiziangalia hivyo zimekaa kimafumbo tu, huwezi kuona chochote, lakini shusha zote kwenye lita moja: ya kupima inakuja 7,200, chupa 6,500, la lita tano 6,000, la lita ishirini 5,600. Yule anayenunua robo robo kila jioni analipa 1,600 zaidi kwa kila lita kuliko mwenye uwezo wa kutoa laki na kumi na mbili kwa mpigo. Sio kwamba hajui hesabu, hela ndo haipo kwa mpigo.

Kitu ambacho wengi hawakishtukii ni kwamba "kimoja" unaweza kukichagua upande wowote. Kwenye bando mi siulizi GB moja shingapi, nauliza kwa elfu moja napata GB ngapi, inakuwa rahisi zaidi kwasababu hela ndo ninayoishika. Kifurushi cha 2,000 kinachokupa GB 1.2 ni GB 0.6 kwa elfu, cha 10,000 chenye GB 5 ni GB 0.5 kwa elfu, kwahiyo hicho kikubwa kinachoonekana cha kibosi ndo ghali (ila angalia siku za kuisha muda, uwiano hauoni tarehe).

Ubovu wake ni pale kugawanya kunapokataa. Gari limekula lita 7 kwa kilomita 93, unataka kujua safari ya kilomita 340 litataka lita ngapi. Ukitafuta ya kilomita moja unapata 0.07526 na mkia mrefu nyuma, sasa mtoto anakata anaandika 0.08, anazidisha kwa 340, anapata lita 27.2. Mwenzake kakata 0.07 kapata 23.8. Jibu lenyewe ni kama 25.6. Wote wameelewa swali vizuri kabisa, kilichowaua ni kukata desimali mapema. Kwahiyo sheria yangu hapa ni moja, ukiona ya kimoja inakuja na mkia, usiikate mpaka mwisho kabisa au badilisha njia.

Mara ngapi

Hapa hutafuti ya kimoja, unauliza kilo 7 ni mara ngapi ya kilo 2. Ni mara tatu na nusu. Basi kila kitu kinaenda mara tatu na nusu, 500 mara 3.5 ni 1,750 ileile.

Kwa swali lenye kitu kimoja utaona haina tofauti kubwa na ya kwanza. Lakini kwenye maandazi hakuna sukari peke yake bana, kuna hamira vijiko vidogo 4, kuna tui lita 1, kuna iliki, na hapo ndo njia hii inapopendeza kwasababu ile 3.5 unaipata mara moja unaibandika kwa kila kitu, hamira vijiko 14, tui lita tatu na nusu, hurudi tena kutafuta ya kimoja ya hamira na ya kimoja ya tui. Kwa mpishi wa oda mi namwambia achukue hii bila kufikiria mara mbili. Aandike "x3.5" juu ya karatasi ya mapishi kwa kalamu nyekundu na aendelee na kazi zake.

Ramani pia ni yake. Zile ramani za vipimo vya 1:50,000, sentimita moja kwenye karatasi ni sentimita 50,000 chini, ambayo ni mita 500, nusu kilomita. Umbali wa sentimita 7 kwenye karatasi ni kilomita tatu na nusu. Kwishney.

Mtego wake ni saikolojia tu, watoto wanapenda mara mbili, mara tatu, ikija mara 3.5 wanasita, ikija mara 1.4 wanakimbia kabisa. Na ikiwa ndogo kuliko moja, mfano kutoka kilo 2 kwenda kilo moja na nusu, mara 0.75, wengine wanagoma kwamba "mara" haiwezi kupunguza kitu. Hapo usigombane naye, mpe jedwali.

Jedwali

Mistari miwili, unga juu, sukari chini, unaanza na unachokijua na unatembea mpaka unachokitaka:

Unga (kg): 2 | 1 | 6 | 7
Sukari (g): 500 | 250 | 1,500 | 1,750

Angalia nilivyotembea. Kutoka 2 nikaenda 1 kwa kugawa kwa mbili, kutoka 2 nikaenda 6 kwa kuzidisha kwa tatu, halafu 6 na 1 nikazijumlisha nikapata 7, na chini nikafanya vilevile, 1,500 na 250. Mwingine angeenda 2, 14, 7. Mwingine 2, 4, 8, halafu atoe safu ya 1. Zote halali. Hapa ndo napoipendea, haikulazimishi barabara moja, mtoto mzito wa kuzidisha anapita kwa kujumlisha safu nzima nzima na anafika, mwepesi anaruka mara moja, na wote wakikosea unaona kwa macho ni safu gani imeharibika. Kwenye zile njia nyingine jibu likikosewa unabaki unatazama namba moja mbaya hujui imetoka wapi.

Halafu kuna hili, shule nyingi za serikali Tanzania mtoto anasoma hisabati kwa Kiswahili shule ya msingi yote halafu kidato cha kwanza lugha inageuka ghafla, na mafumbo ndo yanayomuumiza kuliko hesabu za namba tupu, maana kwanza apambane na sentensi. Mtoto aliyezoea jedwali anachota namba kwenye sentensi na majina ya vitu viwili anajaza, hata kama nusu ya maneno hajayapata. Sio dawa ya yote ila inambeba.

Ubaya wa jedwali ni nafasi na muda. Kwenye mtihani wa kuchagua jibu, maswali mengi, dakika zinakimbia, kuchora jedwali kwa kila swali utabaki nyuma. Na watu wazima wengine wanaona kama ni la kitoto, fundi mmoja nilimchorea akacheka, ila kesho yake alikuja na karatasi limejaa.

Kros

Unaandika sehemu mbili zinalingana, 2/500 = 7/x, unazidisha kimshazari, 2x = 3,500, x = 1,750. Namba tatu unazijua, ya nne unaitafuta. Tena ni njia kongwe kweli, Brahmagupta wa India aliiandika kanuni hii ya namba tatu mwaka 628, na al-Khwarizmi aliyekuwa Baghdad karne ya 9 ana sehemu nzima kwenye kitabu chake cha aljebra inayohusu miamala ya kununua na kuuza, akieleza kwamba kwenye biashara kuna namba nne, tatu zinajulikana, basi zidisha zile mbili zinazotazamana ugawe kwa ile iliyobaki. Kwahiyo siidharau, imeshalisha watu miaka elfu na zaidi.

Na kwa namba mbovu ndo yenyewe. Ile ya gari, lita 7 kilomita 93, safari 340: zidisha 7 kwa 340 upate 2,380, gawa kwa 93, kalkuleta inakupa 25.59. Unagawa mara moja tu, mwishoni, hakuna desimali ya kukatwa njiani. Kwa mtu mzima mwenye simu mkononi na namba zisizoelewana, kros.

Sasa kwanini naiweka mwisho kwa mtoto? Kwasababu haina breki. Angalia, mtoto anaandika 2/500 = x/7, kachanganya tu nafasi, anazidisha kros kwa usahihi kabisa, anapata x = 0.028. Gramu 0.028 za sukari kwa kilo saba za unga, hiyo hata sisimizi hashibi, na anapiga mstari chini ya jibu anageuza ukurasa. Mwingine anaandika 2/7 = x/500 anapata kama 142.9, yaani unga umeongezeka sukari imepungua, na yeye haoni tatizo. Kwenye jedwali huwezi kufika huko kirahisi maana sukari imeandikwa jina lake na iko mstari wake. Kros inakuruhusu kufika kwenye jibu bila kujua unazungumzia nini, ndo uzuri wake kwa mhasibu na ndo ubaya wake kwa mtoto wa darasa la tano.

Ukiamua kumfundisha kros, mlazimishe kitu kimoja, aandike vipimo pembeni ya namba, kg juu zote mbili, g chini zote mbili, na kabla hajazidisha aseme kwa mdomo jibu litakuwa kubwa au dogo kuliko 500. Akishindwa kusema, hajawa tayari kwa kros.

Maboksi

Hii kwa swali la maandazi wala sio yake, unaweza kuilazimisha lakini ni kujitesa. Ilijengewa jina Singapore miaka ya 1980 kwenye shule za msingi, na kazi yake ni maswali ya kugawana na ya tofauti.

Mfano, wawili wameungana biashara ya mitumba, mmoja katoa 300,000 mwingine 500,000, faida imepatikana 240,000, wagawane kulingana na mtaji. Uwiano ni 3:5. Chora maboksi 3 kwa huyu na 5 kwa yule, jumla 8, 240,000 gawa kwa 8, kila boksi 30,000. Huyu 90,000, yule 150,000. Kosa maarufu hapa ni mtu kugawa 240,000 kwa 3 na kisha kwa 5, anapata 80,000 na 48,000, jumla 128,000 tu, karibu nusu ya hela haijagawiwa na aliyetoa mtaji mkubwa kapata kidogo. Ukichora maboksi kosa hilo halitokei.

Na ile ya tofauti ndo kabisa. "Fedha za Ali na Juma zina uwiano wa 3:5, Juma amemzidi Ali kwa 12,000, jumla wana ngapi?" Kwa kros unaanza kujikuna. Kwa maboksi unaona Juma kamzidi boksi mbili, boksi mbili ni 12,000, boksi moja 6,000, yako nane, 48,000. Mtoto wa miaka kumi anaipiga bila x yoyote.

Pwani huku watu wanaitumia bila kujua kwenye mirathi ya Kiislamu, mtoto wa kiume mafungu mawili wa kike fungu moja. Marehemu kaacha watoto tu, wa kiume wawili na wa kike watatu, mafungu ni 2+2+1+1+1, saba. Kama kuna milioni 21 kila fungu ni milioni 3, wavulana milioni sita sita, wasichana tatu tatu. Akiwepo mjane au wazazi wao wanatolewa kwanza sehemu zao, na madeni kabla ya wote, hapo nenda kwa sheikh usije ukagawa kwa maboksi yangu. Huyohuyo al-Khwarizmi sehemu kubwa ya mwisho wa kitabu chake ni mirathi na wasia, kwahiyo utaona hii hesabu haikuanzia kwenye mitihani.

Zege: hapa njia zinatofautiana kweli

Hadi hapa vitu vilikuwa viwili viwili. Zege la kawaida la 1:2:4 lina vitatu, simenti moja, mchanga mbili, kokoto nne, na kros inaishia hapo maana yenyewe ina nafasi nne tu, ukiitaka lazima uipige mara mbili.

Na ugumu sio namba, ni kipimo. Simenti inakuja kwa mfuko wa kilo 50, mchanga unapimwa kwa ndoo, uwiano wenyewe ni wa ujazo sio wa uzito. Mfuko wa kilo 50 ukiumwaga unachukua kama lita 35. Kwahiyo mchanga ni lita 70, kokoto lita 140. Ndoo yako ni ya lita 20, basi kwa mfuko mmoja ni mchanga ndoo tatu na nusu, kokoto ndoo saba. Ukishakuwa na mstari huo mmoja, jedwali linafanya kazi yote:

Simenti (mifuko): 1 | 2 | 3
Mchanga (ndoo): 3.5 | 7 | 10.5
Kokoto (ndoo): 7 | 14 | 21

Kokoto zilizobaki saiti ni ndoo 21? Soma safu ya mwisho, mifuko mitatu, mchanga ndoo kumi na nusu, umemaliza. Maji mi sijayaweka kwenye jedwali makusudi, mchanga ukiwa umelowa na mvua tayari unayo maji ndani yake, fundi anaangalia zege lenyewe, na wanaozidisha maji ili zege liteleze wanalidhoofisha. Na jambo lingine, wale wanaohesabu kwa chepe, chepe moja ya simenti mbili za mchanga, uwiano kwenye karatasi ni sawa lakini chepe ya kokoto haijai kama chepe ya mchanga, na ya saa nne asubuhi sio ya saa tisa kijana akiwa amechoka. Ndoo iliyopigwa juu na ubao ndo kipimo.

Sehemu kwa sehemu, au sehemu kwa jumla?

Hii ndo inawaangusha hata walimu. Dawa ya klorini ya dukani kwenye lebo imeandikwa 3.5%, unataka ya 0.5% ya kufutia sakafu palipotapikwa. 3.5 gawa kwa 0.5 ni 7, kwahiyo unapunguza nguvu mara saba. Watu wanakimbilia kuweka dawa 1 maji 7. Sio hivyo, jumla ndo saba, dawa ni boksi moja, maji ni maboksi sita. Dawa lita 2 maji lita 12, unapata lita 14. Chora maboksi saba, paka rangi moja, huwezi kukosea. Kwa swali lolote ambalo kitu kinachanganywa ndani ya kingine mi sigusi njia nyingine kabla ya maboksi.

Petroli na oili ya mashine za mipigo miwili nayo inasemwa 50:1, petroli hamsini oili moja, hiyo ni sehemu kwa sehemu tayari. Petroli lita 20, oili ni 20 gawa kwa 50, lita 0.4, mililita 400. Kama kitabu cha mashine yako kinasema 25:1 basi ni 800. Ya kimoja inatosha, maboksi hamsini na moja utachora mpaka samaki wahame.

Maji ya chumvi na sukari kwa anayeharisha, pale pakiti ya dukani au zahanati haipo: maji safi lita 1, sukari vijiko vidogo 6 vilivyosawazishwa, chumvi nusu kijiko kidogo. Una chupa ya nusu lita tu, basi sukari vijiko 3 na chumvi robo kijiko. Una ya lita moja na nusu, sukari vijiko 9 na chumvi robo tatu ya kijiko. Jedwali, na ulibandike ukutani, maana hapa kuongeza chumvi "kidogo tu" kwa macho ni hatari kwa mtoto.

Kosa ambalo njia yoyote haitakuokoa nalo

Ni kujumlisha pale pa kuzidisha. Sharbati ya ukwaju vikombe 2 kwa maji vikombe 3, mtoto anaambiwa ukwaju umekuwa 4, anajibu maji 5, "si nimeongeza mbili mbili". Ukimwambia hapana ni 6 anakubali kwa mdomo tu. Mi namrudisha nyuma kwa njia yakeyake: haya toa mbili mbili basi. Ukwaju 0, maji 1. Hiyo bado ni sharbati? Anacheka mwenyewe. Baada ya hapo jedwali linakaa.

Pale usipotakiwa kutumia hata moja

Mafundi watatu wanajenga ukuta siku 8, sita watajenga siku ngapi? Jedwali la kawaida litakupa 16, yaani ukiongeza watu kazi inachelewa. Hapa kimoja kikipanda kingine kinashuka, unachotunza ni jumla ya kazi, 3 mara 8 ni siku 24 za fundi mmoja, gawa kwa 6, siku 4. Kabla ya kuchagua njia uliza kwanza, kikiongezeka hiki na kile kinaongezeka? Maharage nayo, kilo moja saa moja na nusu jikoni, kilo mbili kwenye sufuria kubwa sio saa tatu.

Na makato ya kutuma hela kwa simu, ukiona kutuma kiasi fulani wamekata kiasi fulani usizidishe mara mbili ukidhani umepata ya kiasi mara mbili, yale yanakwenda kwa madaraja, kutoka hapa mpaka hapa makato ni haya, ukivuka kwa shilingi moja daraja linabadilika. Hapo fungua orodha ya makato ya mtandao wako usome mstari unaokuhusu.